Jaji wa mahakama ya wilaya ya shirikisho Marekani: ni nani, na anafanya nini?

Mabomu yalilipuka kwenye balozi za Marekani za Nairobi na Dar es Salaam tarehe 7 Agosti 1998, yakaua watu 224, wengi wao Wakenya. Kesi yake kubwa ilisikilizwa Manhattan, New York, mwaka 2001, mbele ya jaji mmoja, Leonard Sand. Washtakiwa walikuwa wanne, mmoja wao Khalfan Khamis Mohamed wa Zanzibar. Cheo cha Sand kilikuwa jaji wa mahakama ya wilaya ya shirikisho, na kwa kuwa maamuzi ya majaji wa ngazi hii hutufikia hadi huku, ni vyema tukajua kazi yao.

Marekani ina mahakama za majimbo na zile za serikali kuu, yaani za shirikisho. Za shirikisho zina ngazi tatu: mahakama 94 za wilaya, juu yake mahakama za rufaa, na kileleni Mahakama ya Juu. Kwa uzito wa mashauri, mahakama hizi za wilaya zifikirie kama Mahakama Kuu ya Kenya au Tanzania. Hapa ndipo kesi inapoanzia. Mashahidi wanaapa, vielelezo vinapokelewa, mawakili wanatoa pingamizi na jaji anazijibu papo hapo. Majaji wa rufaa husoma kumbukumbu za kilichotokea. Wa wilaya ndiye aliyemwona shahidi akisema.

Rais humteua jaji huyu, na Seneti, moja ya mabaraza mawili ya bunge la Marekani, humthibitisha. Katiba haitaji umri wala shahada, ingawa kwa desturi huteuliwa mwanasheria mwenye uzoefu wa miaka mingi. Sand alisoma sheria Harvard, akawa msaidizi wa jaji, akafanya kazi serikalini, kisha uwakili binafsi kwa karibu miongo miwili, hadi Rais Jimmy Carter alipomteua mwaka 1978. Akishaapishwa, jaji hukaa maisha yake yote, na mshahara wake hauruhusiwi kupunguzwa. Njia ya kumng'oa ni moja: ashtakiwe na Baraza la Wawakilishi, lile baraza jingine la bunge, kisha atiwe hatiani na Seneti. Katika historia yote ya Marekani, waliotiwa hatiani hivyo ni majaji wanane tu.

Watu wengi hudhani nguvu ya jaji iko kwenye adhabu. Kwangu mimi iko mapema zaidi, katika kuamua ushahidi upi uingie mahakamani. Katika kesi nzito za jinai, juri, yaani raia 12 wa kawaida, ndiyo inayosema mtu ana hatia au hana, na lazima wote wakubaliane. Lakini juri husikia kile tu ambacho jaji ameruhusu isikie. Mmoja wa washtakiwa wa Sand, al-'Owhali, alihojiwa na Wamarekani akiwa Nairobi. Je, mgeni anayehojiwa ugenini ana haki ya kunyamaza kama Mmarekani? Sand aliamua kwamba haki ya mtu kutojitia hatiani inamlinda hata huko, mradi wanaomhoji ni Wamarekani na kesi italetwa Marekani. Wanne wote walikutwa na hatia. Wawili kati yao walikabiliwa na hukumu ya kifo, lakini juri haikuafikiana juu yake, na Oktoba 2001 Sand aliwapa wote wanne kifungo cha maisha.

Mfano wa pili unagusa zaidi. Ahmed Ghailani, Mzanzibari mwingine, alikamatwa Pakistani mwaka 2004, akashikiliwa na CIA, shirika la ujasusi la Marekani, kisha katika gereza la kijeshi la Marekani la Guantánamo, na hatimaye akaletwa New York kujibu mashtaka ya mabomu hayohayo. Jaji Lewis Kaplan, mteule wa Bill Clinton, alimkataa shahidi mkubwa wa serikali, Mtanzania aliyetarajiwa kusema kwamba alimuuzia Ghailani baruti. Sababu: serikali ilimjua shahidi huyo kutokana na maneno aliyolazimishwa Ghailani kuyatoa mikononi mwa CIA. Novemba 2010 juri ilimwachia kwa mashtaka zaidi ya 280, ikamtia hatiani kwa shtaka moja tu. Wanasiasa walipiga kelele sana. Kwa shtaka hilo moja, Kaplan alimpa kifungo cha maisha. Naamini alikuwa sahihi mara zote mbili. Waliopoteza ndugu zao walistahili hukumu ambayo hakuna atakayesema ilijengwa juu ya mateso.

Kesi za madai nazo hutafuna miaka. Mwaka 1985 Sand aliamua kwamba jiji la Yonkers, jirani na New York, lilikuwa limewatenga watu weusi kwa makusudi katika makazi na shule. Likaamriwa kujenga nyumba za gharama nafuu kwenye mitaa ya wazungu. Madiwani wakagoma. Agosti 1988 akalitoza jiji faini kwa kudharau mahakama: dola 100 siku ya kwanza, ikiongezeka mara mbili kila siku. Piga hesabu mwenyewe: siku ya kumi na nne peke yake ni dola 819,200. Mahakama ya rufaa iliweka kikomo cha dola milioni moja kwa siku, lakini kufikia Septemba baraza lilikuwa limesalimu amri. Faini alizowatoza madiwani mmoja mmoja zilitenguliwa na Mahakama ya Juu mwaka 1990. Hata jaji wa maisha ana wakubwa wa kumrekebisha.

Jaji akifika miaka 65, na akiwa ametumikia miaka 15, anaweza kuwa jaji mwandamizi: mshahara wake unaendelea, kesi anapunguziwa au anaziacha kabisa. Sand alichukua hadhi hiyo mwaka 1993. Kwa hiyo kesi ya Nairobi na Dar es Salaam aliisikiliza wakati angeweza kabisa kukaa nyumbani, na ile ya Yonkers aliendelea nayo hadi pande zote zilipopatana mwaka 2007.