Kwa nini adui wa filamu hizi alikuwa mtu yuleyule?

Tazama filamu za bei nafuu ambazo Wamarekani walizipiga Ufilipino miaka ya 1970. Stelingi hubadilika, lakini adui anarudi yuleyule: mwanamume mnene, uso wa duara, jasho linamtiririka. Ni mwigizaji Mfilipino Vic Diaz (1932–2016), ambaye wengi wanaijua sura yake bila kulijua jina lake. Ilikuwaje mtu mmoja akaonekana kila mahali?

Sababu ya kwanza ni pesa. Mtayarishaji filamu Mmarekani Roger Corman alianzisha kampuni ya New World Pictures mwaka 1970, na muda si mrefu ikaanza kupiga filamu Ufilipino. Manila kulikuwa na mafundi wazoefu wenye ujira mdogo, na msitu haukuwa mbali. Marekani ilitawala visiwa hivyo kuanzia 1898 hadi 1946 na kuingiza Kiingereza shuleni, kwa hiyo mwongozaji mgeni hakuhitaji mkalimani. Waigizaji wachache tu ndio walioletwa kwa ndege kutoka Marekani, na hao ndio waliopewa nafasi za mbele. Mfilipino, katika nchi yake mwenyewe, mara nyingi aliachiwa uadui. Jambo hilo linaniuma kila ninapozitazama.

Lakini Diaz aliichukua nafasi hiyo akaijaza. Uzoefu alikuwa nao tayari: mwaka 1964 aliigiza katika Flight to Fury ya mwongozaji Monte Hellman pamoja na Jack Nicholson, ambaye wakati huo hakuwa na umaarufu wowote na ndiye aliyeandika mswada wa filamu hiyo. Mwaka 1971 Eddie Romero, mwongozaji Mfilipino ambaye baadaye, mwaka 2003, alipewa heshima ya Msanii wa Taifa, akampa nafasi ya Shetani katika Beast of the Yellow Night. Mwanajeshi mtoro anakaribia kufa msituni. Shetani anamwokoa kwa sharti kwamba amtumikie. Diaz hapigi kelele. Anaongea kwa upole, kama anayefurahia mazungumzo, na kwangu upole huo unatisha kuliko vipodozi vyote alivyopakwa stelingi John Ashley ili awe mnyama.

Mwaka 1972 akawa askari magereza katika The Big Bird Cage. Mwaka uliofuata, katika Black Mama, White Mama, akawa bosi wa majambazi anayemwinda mwigizaji Pam Grier, aliyeigiza mfungwa aliyetoroka akiwa amefungwa pingu moja na mwenzake, kwa sababu ya fedha alizomwibia. Aliigiza pia filamu nyingi za Kitagalogi, ambazo watazamaji wa nje hawakuziona.

Anayetaka kumfahamu aanze na hiyo ya Shetani. Zile za magereza zina ukatili na utupu mwingi, usizifungue watoto wakiwa sebuleni.