Gharama ya betri ya sola nyumbani: yasemwayo na yaliyo kweli

Dhana iliyoenea zaidi, kuanzia Arua mpaka Masaka hapa Uganda, ni kwamba betri ya asidi ndiyo nafuu na ya lithiamu ni ya wenye fedha. Aliyesimama dukani huona hivyo kwa sababu hulinganisha bei mbili tu. Betri ya asidi ya volti 12 na ampea-saa 200 hubeba uniti 2.4 za umeme, yaani kilowati-saa, lakini ikitumiwa kupita nusu huzeeka upesi, kwa hiyo za kutegemewa ni 1.2. Kwa matumizi hayo huvumilia mizunguko 500 hivi ya kuchajiwa na kutumiwa, ambayo ni uniti 600 maishani mwake. Betri ya lithiamu aina ya fosfeti ya chuma yenye volti 12.8 na ampea-saa 100, ambayo ni ndogo kwa nusu, huruhusu kutumiwa asilimia 90, takribani uniti 1.15, na nyingi hukadiriwa mizunguko 3,000 au zaidi, hivyo hutoa uniti zipatazo 3,450. Hata ikiuzwa mara tatu ya bei ya ile ya asidi, kila uniti itokayo humo hugharimu karibu nusu tu.

Wapo pia wanaosema kwamba betri ya gari yatosha. Nasi nyumbani Bombo tuliwahi kuamini hivyo: miezi michache baadaye taa zilikuwa zikififia kabla ya chakula cha usiku, na betri yenyewe imevimba ubavuni. Betri ya gari imeundwa kusukuma mkondo mkubwa kwa sekunde chache za kuwasha injini. Sahani zake ni nyembamba, na kuikamua kila usiku ni kuiua.

Kwamba bei haishuki kamwe, si kweli. Wastani wa dunia wa bei ya betri za lithiamu kwa kilowati-saa ulizidi dola 1,000 mwaka 2010, na kufikia 2024 ulikuwa umeshuka hadi dola 115 hivi. Mnunuzi wa Kampala hawezi kudai bei hiyo, maana huo ni wastani wa viwandani, unaobebwa zaidi na magari ya umeme, na juu yake huja usafirishaji, kodi na faida ya muuzaji.

Jambo linalosahauliwa na wengi, na kwa maoni yangu ndilo linalowafanya watu wanunue betri kubwa kuliko haja yao, ni inverta, kifaa kinachogeuza umeme wa betri uwe wa kuendesha vyombo vya nyumbani. Taa 6 za wati 7 zikiwaka saa 5 hula wati-saa 210, na televisheni ya wati 60 kwa saa 4 hula 240. Inverta iliyoachwa imewashwa mchana kutwa na usiku kucha, hata kama haina cha kuendesha, yaweza kula wati 15, nazo kwa saa 24 ni wati-saa 360, kupita taa zote. Kuizima wakati wa kulala ni nafuu kuliko kuongeza betri. Pasi na birika la umeme ni habari nyingine kabisa. Fundi akikuambia betri moja itayabeba bila kuuliza wati zake, tafuta fundi mwingine.

Ya mwisho ni kwamba betri itajilipa kwa kupunguza Yaka, yaani umeme wa gridi unaolipiwa kabla ya kutumiwa. Mwaka 2025 uniti moja ya nyumbani ilikuwa kati ya shilingi 700 na 800, kwa hiyo betri ya uniti 1.15 huokoa chini ya shilingi 1,000 kwa usiku, hata kabla hujahesabu paneli na waya. Aliyeunganishwa na gridi hununua kinga dhidi ya umeme kukatika, na ni haki yake kuilipia akijua hivyo. Kwa aliye mbali na nguzo hesabu ni tofauti: hulinganisha betri na mafuta ya taa, mawe ya tochi na ada ya kuchajisha simu senta, fedha ambazo tayari zinamtoka kila wiki.