Kiingereza hakikuzaliwa na Kijerumani

Wiki iliyopita nimetumiwa tena. Safari hii ni kwenye kundi la WhatsApp la walimu wa lugha, na aliyetuma ni mtu ninayemheshimu. Picha yenye safu mbili za maneno, Kiingereza kushoto, Kijerumani kulia: water na Wasser, ten na zehn, apple na Apfel, make na machen. Chini yake kwa herufi kubwa: "Kiingereza ni mtoto wa Kijerumani, ushahidi huu hapa." Wenzangu wakamiminia makofi na mioto. Niliandika jibu refu, nikalifuta, nikaona nilete huku kwenye nafasi ya kutosha. Nafundisha isimu historia, yaani elimu ya jinsi lugha zinavyobadilika, na neno hili nimelisikia mara nyingi mno.

Picha ile ukiisoma vizuri, inakanusha maandishi yaliyo chini yake.

Nianze na jina, kwa sababu sehemu ya kosa ni ya Kiswahili chetu. Lugha ya Berlin na Vienna tunaiita Kijerumani. Ukoo mzima wa Kiingereza, Kiholanzi, Kifrisia, Kideni, Kiswidi, Kinorwei, Kiaisilandi na hicho Kijerumani, vitabu vingine vyetu huuita pia "lugha za Kijerumani". Mwanafunzi akikuta sentensi "Kiingereza ni lugha ya Kijerumani", ataelewa nini zaidi ya alichoelewa mwenye picha? Wajerumani wenyewe wamesalimika: lugha yao ni Deutsch, ukoo ni Germanisch, na maneno hayo mawili hayakaribiani hata kwa sauti. Mimi kwa ukoo nasema Kijerumaniki. Wengine huandika Kigermaniki. Lolote lifae, mradi lisiwe jina la mmoja wa ndugu. Wazia mtu akikwambia Kikomoro kimezaliwa na Kidigo kwa sababu yanafanana. Utamjibu hapohapo kwamba zote ni za ukoo mmoja, Sabaki, pamoja na Kiswahili na Kipokomo, na kwamba aliyezizaa hayupo tena. Kwa Ulaya ni vilevile.

Sasa turudi kwenye picha. Mtu wa Mombasa anasema mato, ndia, ndaa, teka. Wa Unguja anasema macho, njia, njaa, cheka. Tofauti inakwenda kwa mpango: katika maneno ya kundi hilo, penye t ya Kimvita pana ch ya Kiunguja, na penye nd pana nj. Mpango wa namna hii ndio ulinganifu wa sauti, na ndio unaotupa haki ya kusema lugha mbili ni ndugu. Wala hakuna mtu aliyewahi kuniambia kwamba kwa kuwa macho na mato yanalingana, basi Kimvita ni mtoto wa Kiunguja. Kwa nini tukivuka bahari akili hiyo tunaiacha bandarini?

Ulinganifu unasema kuna udugu, basi. Nani kabadilika, na nani kabaki na sauti ya wazee, hilo linahitaji shahidi wa tatu. Tuwaite mashahidi wa neno la maji. Kiholanzi: water. Kinorse cha kale, lugha ya zamani ya Skandinavia: vatn. Kigothi, lugha iliyoandikwa karne ya 4: wato. Na sasa shahidi ninayempenda kuliko wote: pwani ya kaskazini ya Ujerumani yenyewe, wanaoongea Kijerumani cha Chini, wanasema Water, wanasema maken, wanasema ik kwa "mimi". Wote wana t. Anayesimama peke yake na s ni Kijerumani cha Juu, ambacho juu yake ndipo Kijerumani sanifu kilipojengwa. (Juu na Chini hapa ni habari ya milima na tambarare, si ya hadhi. Tafadhali.)

Kwa hiyo kilichobadilika ni Kijerumani. Kusini, upande wa Alpi, kati ya karne ya 6 na ya 8 hivi, vipasuo (sauti zinazotoka kwa kupasua hewa iliyozibwa) p, t, k viligeuka: t ikawa z au ss, p ikawa pf au ff, k baada ya irabu ikawa ch. Mabadiliko yakapanda kuelekea kaskazini yakipungua nguvu, mpaka wachoraji wa ramani za lahaja wakaweza kuchora mstari kati ya wanaosema maken na wanaosema machen. Unaitwa mstari wa Benrath, kwa jina la mahali unapovuka mto Rhine karibu na Düsseldorf.

Unajuaje kuwa yalitokea nyakati hizo na si zamani zaidi? Tazama pilipili. Warumi waliiita piper, na watu wa kaskazini walipoinunua kwao walinunua na jina. Kiingereza kina pepper. Kijerumani kina Pfeffer. P zote mbili za Kirumi zimepita kwenye mashine ileile, moja ikatoka pf na nyingine ff. Neno la mkopo haliwezi kupitia badiliko lililokwisha kabla halijafika, kwa hiyo badiliko lilikuja baada ya biashara na Warumi. Tegula, kigae cha paa, vivyo hivyo: Ziegel huko, tile Uingereza. Na pilipili yetu ina asili ya Bara Hindi kama hiyo pepper, bila mtu yeyote kudai Kiswahili na Kilatini vilizaliwa tumbo moja. Shule tuliichukua kwa Wajerumani, ambao nao waliipata kwa Kilatini. Kukopa ni kukopa.

Waanglia, Wasaksoni na Wajuti walianza kuhamia Uingereza karne ya 5. Yaani mtoto anayesemwa aliondoka nyumbani kabla mama anayesemwa hajapata sura aliyo nayo. Hapa hunijia jibu moja kila mara: "Lakini Mwalimu, Angeln iko Ujerumani!" Ndiyo, rasi ya Angeln, walikotoka hao Waanglia, leo iko Ujerumani, karibu na mpaka wa Denmark. Mpaka huo haukuwapo, na Kijerumani unachojifunza darasani hakikuwapo huko. Lugha haizaliwi na ramani ya leo. Hili ndilo linalonichosha kuliko yote: tunachukua jina la nchi ya kisasa tunalivika watu wa miaka 1500 iliyopita, kisha tunalisoma tena kama ushahidi.

Na asije mtu akageuza, akasema basi Kijerumani ndicho mtoto wa Kiingereza. Kiingereza nacho kimepoteza chake. Five kwa Kijerumani ni fünf, kwa Kigothi fimf. Goose ni Gans. Us ni uns. Waliosogelea Bahari ya Kaskazini, Waingereza na Wafrisia wakiwamo, waliimeza nazali (sauti ya puani, m au n) mbele ya f, s na th, Kijerumani hakikuimeza. Kila ndugu katunza kitu cha mama na kupoteza kingine. Kijerumani kimetunza mfumo wa uhusika (nomino na viandamizi vyake kubadilika kulingana na kazi katika sentensi) na jinsia tatu za nomino, mambo ambayo Kiingereza kimeyaacha karibu yote, na ndiyo sababu watu hukiona "cha zamani" zaidi. Lakini chukua kitenzi kidogo kabisa. Kiingereza kinasema was, were. S kwenye umoja, r kwenye wingi. Kijerumani kinasema war, waren, r pande zote. Nani kaweka mambo ya kale? Kiingereza. Kijerumani cha kale kilikuwa na was kwenye umoja, halafu wasemaji wakaona tofauti haina faida wakaisawazisha.

Hiyo s na r inastahili mkao, kwa sababu ni kisa kizuri kuliko vyote katika kazi hii. Rasmus Rask mwaka 1818, na Jacob Grimm mwaka 1822, walishaonyesha jinsi konsonanti za Kijerumaniki zilivyohama kutoka zile za jamaa zake wa mbali: p ikawa f, t ikawa th, k ikawa h, d ikawa t, g ikawa k. Kilatini piscis, Kiingereza fish. Tres, three. Cornu, horn. Decem, ten. Hili wengi wamelisoma, napita. Tatizo lilibaki kwenye maneno kama kaka na baba. Kilatini kina frater na pater, t katikati pote pawili. Kanuni inadai th pote pawili. Lakini Kigothi kina th kwenye broþar na d kwenye fadar. Kijerumani cha leo bado kinaibeba tofauti hiyo: Bruder, Vater. (Kiingereza kina brother na father, vinafanana, na hapo Kiingereza kinadanganya: kale ilikuwa fæder, d ikaja kuwa th mwishoni mwa zama za kati.)

Kwa miaka 50 hivi watu walisema ni vighairi tu. Ndipo miaka ya 1870 Mdenmark Karl Verner akatazama Kisanskriti, lugha ya kale ya India. Kule mkazo wa "kaka" uko silabi ya kwanza, bhrātar. Wa "baba" uko ya pili, pitár. Mkazo ukitangulia, sauti inabaki th. Usipotangulia, inapata ughuna (mtetemo wa kooni), inakuwa d. Na s inakuwa z, ambayo baadaye ikawa r: was, were. Mkazo wenyewe ulishahamia mwanzo wa neno na kuganda huko, haupo tena, lakini alama yake imebaki midomoni mwa kila mtoto wa shule anayesema "we were". Nimelifundisha hili miaka mingi na bado nikifika hapo darasani hunisisimka mwili.

Huyo mama mwenyewe, Kijerumaniki mame, yaani lugha iliyouzaa ukoo wote, hakuacha maandishi. Tunamjenga kwa kulinganisha watoto, kama tunavyoijenga Mame Bantu. Kuna sehemu mbili tu ninapohisi nimemkaribia. Moja ni Kifini, ambacho si ndugu kabisa. Kifini kilikopa neno la mfalme zamani hizo kikaliweka kabatini: kuningas. Linganisha na king, na König. Watoto wameila tamati yote, jirani kaitunza. Tungeijenga *kuningaz (nyota ni alama ya neno lililojengwa, lisilopatikana kwenye maandishi) hata bila Kifini, lakini kuliona linatembea mitaani Helsinki ni jambo jingine.

Ya pili ni pembe ya Gallehus. Pembe ya dhahabu, ya mwaka 400 hivi, iliyopatikana kusini mwa Jutland mwaka 1734, na kwenye mdomo wake imechorwa kwa runi, herufi za kale za watu hao: ek hlewagastiz holtijaz horna tawido. Ek, mimi. Hlewagastiz, jina la fundi. Gastiz humo ndani ni "mgeni", Gast ya Kijerumani, guest ya Kiingereza, na ile -iz bado imesimama nzima, ilhali Kigothi kilichoandikwa kabla kidogo kilishaimeza irabu yake, kikabaki na gasts. Holtijaz, wa Holt, au mwana wa Holt. Horna, pembe. Tawido, nilitengeneza. Kitenzi mwisho kabisa. Fundi anajitaja, anaitaja kazi yake, amemaliza. Mwaka 1802 pembe iliibwa Copenhagen ikayeyushwa na mfua dhahabu, na tunachosoma leo ni michoro iliyofanywa kabla ya wizi. Nikifika hapo darasa hunyamaza.

Sasa uliza hiyo ni lugha gani. Wengine husema Kinorse mame. Wengine husema bado kaskazini na magharibi hazijaachana, kwa hiyo ni ya wote wawili. Mimi nawaamini hawa wa pili, lakini mstari mmoja wa maandishi hautoshi kumaliza kesi. Hata ile -ido ya tawido, alama ya wakati uliopita, baba wa -ed ya Kiingereza na -te ya Kijerumani, bado inagombaniwa: kitabu cha kiada kitakwambia ilitokana na kitenzi cha "kutenda" kilichonatishwa nyuma ya shina, na nami nafundisha hivyo, ila maumbo ya Kigothi na ya kaskazini hayakai sawasawa na maelezo hayo kama kitabu kinavyojifanya. Tarehe ya kuhama kwa konsonanti za Grimm nayo ni makadirio. Tunasema milenia ya mwisho kabla ya Kristo, na upana huo wa maneno ndio ukweli. Na ule mchoro wa mti wenye matawi matatu, mashariki, kaskazini, magharibi, nauchora ubaoni kila mwaka nikijua kwamba watu hao walikuwa majirani, wakioana, wakiuziana ng'ombe, na mabadiliko yalivuka matawi kama mawimbi. Mti unasaidia kuanza. Ukiushikilia sana, utarudi palepale kwenye mama na mtoto.

Mwisho kuna barua ambayo ningependa mwenye picha aisome. Mwaka 786 askofu George wa Ostia, mjumbe wa Papa, alimwandikia Papa Hadrian wa Kwanza kuhusu sinodi (mikutano ya kanisa) alizosimamia. Maazimio, anasema, yalisomwa kwa Kilatini na pia theodisce, kwa lugha ya watu, ili wote waelewe. Neno hilo limetoka kwenye þiuda, "watu", kama vile Bantu ilivyotoka kwenye watu. Ndilo lililokuja kuwa Deutsch. Hapo ndipo linapoonekana kwa mara ya kwanza katika maandishi tuliyo nayo, na sinodi hiyo ilifanyika Uingereza, na lugha iliyosomwa ilikuwa Kiingereza cha kale.