Mtu wa ndagu asiwe katili tangu sini ya kwanza

Wiki hii nimeletewa skripti nyingine ya ndagu, yaani utajiri wa kichawi unaolipiwa kwa kafara. Maelezo ya mhusika mkuu yanasema: mkatili, mwenye tamaa, hampendi mkewe. Nilipofika ukurasa wa tatu nikaifunga. Nimehariri filamu za kutisha hapa Dar kwa miaka kumi na moja, na kosa hili nimelikuta mara nyingi mno kulinyamazia.

Mume asiyempenda mkewe akimtoa kafara, ametoa nini? Masharti ya mganga yana mantiki yake: lazima utoe kinachokuuma. Mganga hasemi "lete mtu", anasema "lete umpendaye". Ukifuta mapenzi umefuta bei, na pasipo bei hakuna mkataba, kuna mauaji tu.

Itazameni Living in Bondage, ile filamu ya Nigeria ya mwaka 1992, ya Kiigbo, iliyosambaa kwa kanda za VHS. Andy amechoka na maisha. Rafiki yake Paulo ana pesa na anajua zinakopatikana. Kundi la siri la Paulo linamtaka Andy amtoe kafara mkewe, Merit. Naye anajaribu kudanganya: anampeleka kahaba aitwaye Tina, kana kwamba ndiye mke. Tina analitaja jina la Yesu, njama inavunjika.

Watu wanaikumbuka sini hiyo kwa ajili ya lile jina. Mimi namtazama Andy. Amempeleka Tina kwa sababu bado anampenda Merit! Lakini tayari ameshaamua kwamba yupo binadamu ambaye kifo chake si kitu. Huruma yake imepata ufa kabla tone la damu ya Merit halijamwagika, na aliyeupasua ni mapenzi yenyewe. Baada ya hapo ufa unasogea tu, mpaka unamfikia mke.

Ufa huohuo upo kwenye Drag Me to Hell ya Sam Raimi, ya mwaka 2009. Christine ni ofisa mikopo wa benki. Bibi kizee anamwomba aongezewe muda asije akapoteza nyumba. Christine angeweza kumsaidia, ila anataka kupanda cheo, anakataa. Laana inakuja baadaye. Huruma imepotea mezani, mchana kweupe.

Kwenye kuhariri, swali langu ni moja: wakati mume anaamua, tunamtazama nani? Waongozaji wananiletea shoti ishirini za mganga: tunguri, moshi, macho mekundu. Mimi nataka uso wa mke anayesonga ugali, hajui lolote. Nimwache hapo mpaka mtazamaji aone raha kuwa naye. Mkataba ukishafungwa, naanza kumpunguza. Tunasikia sauti yake kutoka jikoni, hatumwoni. Anaongea, lakini kamera iko kwa mume anayehesabu noti. Mtazamaji naye anaanza kumsahau, bila kujua kwamba anasahau pamoja na muuaji. Mzimu wake ukitokea, amekuja kudai zile shoti nilizomnyima.

Damu bandia na muziki sitavigusa. Vikizidi vinaharibu, basi.

Lipo jambo linaloninyima usingizi. Karibu filamu zote hizi, pesa inakuja kweli. Hata Andy alitajirika kabla ya mzimu wa Merit kumtia wazimu. Nchi hii watu wenye ualbino wameuawa na kukatwa viungo kwa sababu ya imani hiyohiyo ya utajiri, nami nakaa nahariri sini ambamo masharti yanafanya kazi. Wenzangu wanasema mwisho mbaya ni onyo tosha. Sina hakika. Mtazamaji anaweza kubaki na gari jipya kichwani na kuusahau wazimu. Niliwahi kumshauri mwongozaji mmoja utajiri usije kabisa. Akakataa: mume asipopata kitu, tutajuaje kama angekubali kukaa nacho huku akijua kimetoka wapi? Hoja yake ni nzito na mpaka leo sijapata jibu.

Skripti nimeirudisha na ombi moja. Kabla ya kwenda kwa mganga, mume amnunulie mkewe kandambili mpya kwa sababu ameona za zamani zimekatika. Mwandishi amenijibu kwamba sini hiyo itachelewesha hadithi. Nimemwambia icheleweshe.