Megabaiti nane, na bado kumbukumbu haitoshi: kupanga DOS kwenye 386

Mashine ni kompyuta ya zamani yenye prosesa ya Intel 386, inaendeshwa na DOS, na ina megabaiti 8 za RAM. Inapowaka, BIOS, programu ya kuwashia iliyo kwenye chipu, inazihesabu zote mbele ya macho yako. Kisha unaandika jina la programu, na DOS inakujibu: Program too big to fit in memory, yaani programu ni kubwa mno kwa kumbukumbu.

Anayekutana na ujumbe huu kwa mara ya kwanza kwenye 386 aliyoifufua hukimbilia kutafuta RAM zaidi. Ajaze hata 16, ujumbe utabaki pale pale. Kinachopungua ni anwani zilizo chini ya 640K, na hizo haziuzwi dukani. Unazipata kwa kuwahamisha waliozikalia.

IBM PC ya Agosti 1981 ilitumia prosesa ya Intel 8088 yenye nyaya 20 za anwani, kwa hiyo upeo wake ni baiti 1,048,576, megabaiti moja kamili. Rejesta zake ni za biti 16 na kila moja peke yake inaishia 64K, ndiyo maana anwani huandikwa kwa vipande viwili: segimenti mara 16, jumlisha ofseti. B800:0000 ni B8000 kwa heksadesimali, mahali inapokaa herufi ya kwanza ya skrini ya rangi. IBM wakaitenga 640K ya chini kwa DOS na programu, na 384K ya juu kwa skrini, ROM (chipu zenye programu za kudumu) za kadi na BIOS. Wakati huo hakuna aliyelalamika, maana PC ya bei ya chini ilitoka kiwandani na 16K.

Shida ni kwamba programu zilizoea. Ziliandika moja kwa moja kwenye B800 bila kumuuliza mtu, na DOS yenyewe ilijengwa juu ya ramani ile. PC/AT ya 1984 ilipokuja na 286 inayofika megabaiti 16, kisha 386 ikafika mbali zaidi, DOS iliendelea kuziendesha zote kama 8088 yenye mbio.

Kwa hiyo kabla ya kugusa faili lolote, jua nani anakaa wapi kule juu. Kwenye mashine ya kawaida yenye kadi ya skrini ya VGA, kwa namba za segimenti:

A000–AFFF: grafiki za VGA
B000–B7FF: maandishi ya skrini ya rangi moja
B800–BFFF: maandishi ya skrini ya rangi
C000–C7FF: ROM ya VGA
C800–EFFF: mara nyingi hakuna mtu
F000–FFFF: BIOS

Huo mstari wa C800–EFFF ni 160K za anwani zisizo na mwenyewe. Angalizo kwa wenye kompyuta za PS/2 za IBM: BIOS yao huanzia E000, kwa hiyo 64K ya mwisho muisahau.

Anwani tupu haina RAM nyuma yake, na hapo ndipo 386 inapoingia. Prosesa hii ina hali maalum ya kuiga 8086, na ina jedwali la kurasa za 4K linaloweza kusema: anayeomba anwani D0000 mpelekeni kwenye RAM iliyoko juu ya megabaiti ya kwanza. Kazi hiyo ndiyo ya EMM386.EXE. Vipande vinavyopatikana huitwa UMB, na ndani yake unaweka viendeshi na programu ndogo ambazo zingekaa kwenye 640K. Microsoft walizileta UMB kwenye MS-DOS 5.0 mwaka 1991. DR DOS 5.0 ya mshindani wao, Digital Research, ilikuwa nazo tangu 1990, jambo ambalo watu wa Microsoft hawapendi kukumbushwa.

Kuna zawadi nyingine inayotokana na hesabu ya segimenti. FFFF:0010 ni baiti ya kwanza baada ya megabaiti moja. Kwenye 8088 haikuwepo, hesabu ilizunguka ikarudi sifuri. Kwenye 286 kuna waya wa ziada, A20, na ukifunguliwa zinapatikana baiti 65,520 ambazo DOS inaweza kuzifikia bila ujanja wowote wa 386. Eneo hilo ni HMA. Kwa kuwa programu fulani za zamani zilitegemea hesabu irudi sifuri, IBM waliuwekea waya huo geti na kuliunganisha na chipu ya kibodi, kwa kuwa chipu ile ilikuwa na pini iliyobaki wazi. Mwenye kufungua geti hilo ni HIMEM.SYS. HMA humilikiwa na programu moja tu kwa wakati mmoja, na anayestahili ni DOS yenyewe, kwa mstari wa DOS=HIGH.

Sasa CONFIG.SYS, faili la mipangilio ambalo DOS husoma inapowaka, la MS-DOS 6.22, kwa mpangilio huu huu:

DEVICE=C:\DOS\HIMEM.SYS
DEVICE=C:\DOS\EMM386.EXE NOEMS
DOS=HIGH,UMB
BUFFERS=20
FILES=30
LASTDRIVE=F
STACKS=0,0
DEVICEHIGH=(kiendeshi cha CD-ROM)

HIMEM lazima itangulie EMM386, kwa sababu EMM386 huomba RAM kutoka kwake. Ukizigeuza, EMM386 inagoma na kila DEVICEHIGH (mstari wa kupakia kiendeshi kwenye UMB) inayofuata inashuka chini kimyakimya. Huo ukimya ndio unaosumbua watu: DOS haikwambii kwamba imeshindwa kupandisha kitu, inakipakia chini na kuendelea na safari.

Neno NOEMS linahitaji maelezo. EMS ni utaratibu wa Lotus, Intel na Microsoft wa mwaka 1985, ambapo programu huchungulia kumbukumbu kubwa kupitia dirisha la 64K lenye kurasa nne za 16K. Dirisha hilo nalo linataka anwani, na zinakatwa kutoka kwenye ile 160K yetu. Zinabaki 96K. Programu yako ikidai EMS, andika RAM badala ya NOEMS na ulipe gharama. Isipodai, usilipe.

Vitu vidogo vina uzito wake. Kila herufi ya diski kwenye LASTDRIVE ni baiti 88, kwa hiyo LASTDRIVE=Z kwa mtu mwenye diski C na D ni karibu 2K zinazopotea bure. Kila faili kwenye FILES ni baiti 59. Kila bafa ni baiti 532, lakini DOS ikiwa HMA bafa nazo hukaa huko, mradi zinatosha. Ukiweka nyingi kupita nafasi iliyobaki, zinahamia chini zote, si zile zilizozidi tu. Ndiyo maana mtu anabadilisha BUFFERS kwenda 60 na kushangaa amepoteza zaidi ya 30K kwa mkupuo.

Upande wa AUTOEXEC.BAT, faili la amri linalofuata CONFIG.SYS, ni LH (amri ya kupandisha programu kwenye UMB) mbele ya MSCDEX ya CD-ROM, kipanya, DOSKEY na jamaa zao. SMARTDRV, programu ya akiba ya diski, hupanda yenyewe, haihitaji LH.

Washa upya, kisha MEM /C /P. Usisome chochote kabla ya safu mbili: Conventional na Upper Memory. Kila jina lenye tarakimu kwenye safu ya kwanza ni mpangaji anayehojiwa. MSDOS na COMMAND wataonekana hapo, hao waache. Chini kabisa kuna Largest executable program size, na hiyo ndiyo namba inayolinganishwa na mahitaji ya programu yako. Ukifika 600K umefanya kazi nzuri. 620K ni ya mwenye subira.

Mara nyingi utaona jambo la ajabu: UMB zina 40K, kiendeshi kinakula 9K tu, lakini kimekataa kupanda. Ni kochi linalotosha sebuleni ila halipiti mlangoni. Viendeshi vingi vinapoanza huhitaji nafasi kubwa ya kujipima na kujipanga, kisha hutupa sehemu hiyo na kubaki vidogo. DOS hutazama ukubwa wa kuingia. Dawa ni mpangilio: vikubwa na vyenye mlango mpana vitangulie UMB zikiwa bado tupu, vidogo vijaze mianya. MemMaker ya DOS 6 hufanya hesabu hii kwa kuwasha mashine mara kadhaa na kupima kila kiendeshi. Inafaa kama mahali pa kuanzia, lakini haitakushauri uondoe kitu usichokihitaji, na hapo ndipo kilobaiti nyingi zilipo.

Mianya yenyewe pia hupangwa. Chukua kadi ya mtandao yenye 16K iliyowekwa D000. Inakata eneo lako mara mbili: 32K chini yake, 112K juu yake. Fungua boksi, hamisha jampa ili kadi ikae C800, iegemee ROM ya VGA. Jumla ni ile ile 144K, ila sasa ni kipande kimoja kuanzia CC00.

Na hapo kwenye kadi ndipo mashine nyingi huganda. EMM386 hukagua anwani kutafuta ROM, lakini RAM ya kadi ambayo haijaamshwa bado huonekana kama pengo tupu. EMM386 inapachika RAM yake juu, kiendeshi cha mtandao kinakuja kuitafuta kadi, kinakuta kitu kingine, mashine inaganda. Mwambie EMM386 mapema, kwenye mstari wake: X=D000-D3FF, au X=C800-CBFF kama umeihamisha kadi. Kinyume chake ni I=, ambayo hulazimisha eneo litumike. I=B000-B7FF hukupa 32K za skrini ya rangi moja usiyokuwa nayo. Iangalie vizuri lakini, kwa sababu kadi fulani za Super VGA hulitumia eneo hilo, na Windows 3.1 itakataa kuanza mpaka uongeze MONOUMB.386 kwenye SYSTEM.INI. I=E000-EFFF ijaribu pale tu unapojua BIOS haijafika huko. Kabla ya majaribio yote haya uwe na flopi ya kuwashia. Kwenye DOS 6 kuna pia F5 ya kuruka mafaili yote mawili na F8 ya kuulizwa mstari kwa mstari.

Kosa la kutisha kuliko kuganda ni la diski za SCSI. Kontrola inayoandika kwenye RAM bila kupitia prosesa haijui jedwali la EMM386. Inaambiwa peleka data D0000, inapeleka kwenye D0000 halisi, wakati mwenye data anasubiri kwingine. Matokeo ni mafaili yaliyoharibika bila onyo. Mstari wa kuweka ni DEVICE=C:\DOS\SMARTDRV.EXE /DOUBLE_BUFFER, nao hukaa kwenye kumbukumbu ya chini. Usiubanie hizo kilobaiti.

Ujumbe Packed file is corrupt nao huwapeleka watu kunakili flopi upya, na faili halina kasoro yoyote. Programu nyingi zilibanwa kwa EXEPACK, ambayo ilitegemea ule mzunguko wa kurudi sifuri endapo ingepakiwa ndani ya 64K ya kwanza. Zamani DOS yenyewe ilijaza sehemu hiyo, basi kosa halikuonekana. Umeihamishia DOS HMA, umeacha nafasi chini, programu imeshuka ikaikuta A20 iko wazi. Andika LOADFIX mbele ya jina lake, ipakiwe juu ya 64K, itaamka.

Wapo pia wasiotaka kumwona EMM386 kabisa. Mchezo wa Ultima VII wa 1992 una meneja wake wa kumbukumbu na hukataa kuanza EMM386 ikiwa ndani. Michezo inayotumia DOS/4GW (programu ya kuufikisha mchezo kwenye kumbukumbu iliyo juu ya megabaiti moja), kama Doom ya 1993, huelewana naye. Kwa mashine yenye wageni wa aina zote mbili, tumia menyu ya DOS 6: [MENU] yenye MENUITEM mbili, moja ina EMM386 na nyingine ina HIMEM pekee na DOS=HIGH, kisha GOTO %CONFIG% kwenye AUTOEXEC.BAT ikupeleke kwenye lebo yenye jina lilelile.

Ukitumia FreeDOS, DOS huria, kwenye mashine hiyo hiyo, faili ni FDCONFIG.SYS, HIMEMX inachukua nafasi ya HIMEM, na JEMM386 ya EMM386. X= na I= zinafanya kazi vilevile. Kwa kipanya weka CTMOUSE, hata kwenye MS-DOS: inakula takriban 3K, na ikikosa UMB haikuumizi sana.