Kinyonga wa Lushoto Asiachiwe Amani: Kwa Nini Kila Mlima Una Viumbe Wake

Kila msimu wa wageni unapofika, langoni kwetu, Hifadhi ya Mazingira Asilia Amani mkoani Tanga, hufika watu wenye nia njema waliobeba kinyonga kwenye boksi. Wamemnunua kwa watoto kando ya barabara ya Lushoto, wakamwonea huruma, wakateremka naye, wakavuka Bonde la Lwengera na kupanda hadi Amani, na sasa wanaomba wamwachie “porini kwao”. Tukiwakatalia, wanakasirika. Si msitu ni msitu? Wengine wanasema tunawasumbua kwa makaratasi tu. Mtu aliyetumia fedha zake na siku yake kwa ajili ya kinyonga anastahili maelezo marefu kuliko yale anayopewa na askari wa zamu.

Kinyonga huyo kwao ni Usambara Magharibi. Amani iko Usambara Mashariki. Kwa gari ni safari ya saa chache, lakini kwa kiumbe anayeishi kwenye matawi mabichi ya msitu wa milimani, bonde lile lenye joto ni sawa na bahari. Kwa zaidi ya miaka mia moja wataalamu wenyewe waliwahesabu vinyonga wengi wa pembe mbili wa milima hii kuwa aina moja. Mwaka 2008 walipochunguzwa upya walitenganishwa: wa Usambara Magharibi mbali, wa Usambara Mashariki mbali, wa Uluguru mbali, wa Taita kule Kenya mbali. Kundi lao kisayansi linaitwa Kinyongia, jina lililotoka kwenye Kiswahili chetu. Ukimchukua wa mlima mmoja ukamwachia mlima mwingine, unampeleka kwa wageni, na pengine unawapelekea wenyeji ugonjwa wasioujua.

Milima tunayoizungumzia ni Tao la Mashariki, safu inayoanzia Taita, ikapita Upare, Usambara, Nguu, Nguru, Ukaguru, Rubeho na Uluguru hadi Udzungwa na Mahenge. Miamba yake ina umri wa zaidi ya miaka milioni 500. Zamani msitu wa mvua wa Afrika ulienea kutoka magharibi hadi pwani yetu. Bara lilipoinuka na kukauka, msitu huo ulikatika, na katikati yakabaki mbuga na nyika. Milima ya Tao iliendelea kupata unyevu kwa sababu inatazamana na Bahari ya Hindi: pepo za bahari hupanda miteremko ya mashariki, hupoa, hushusha mvua. Hata dunia ilipopita vipindi virefu vya ukame, pepo hizo hazikukatika kabisa. Kila mlima ukawa kisiwa cha msitu. Chura, konokono, jongoo na kinyonga hawawezi kuvuka nyika kavu, kwa hiyo waliobaki juu walizaana wenyewe kwa wenyewe, kizazi baada ya kizazi, mpaka wakawa tofauti na ndugu zao wa mlima wa jirani.

Hapa niseme jambo ambalo tunalirudia mpaka sauti inakauka. Urefu wa mlima si kipimo cha utajiri wake. Kilimanjaro ina mita 5,895, lakini ni volkano changa isiyofikisha miaka milioni 3. Usambara Mashariki inaishia karibu mita 1,500 tu, na bado ina viumbe wengi zaidi wasiopatikana popote pengine, kwa sababu msitu wake umekaa mahali pamoja kwa muda mrefu mno. Anayesema “hiki ni kilima tu, Kilimanjaro ndiyo ya kulindwa” anahesabu mita badala ya miaka.

Mifano ipo. Kuna ndege aina ya chozi anayeishi Uluguru peke yake. Mwaka 1991 watafiti waliokuwa Udzungwa waliona miguu ya ndege wasiyemjua ndani ya sufuria ya chakula. Akatambuliwa kuwa kwale mpya kwa sayansi, na ndugu zake wa karibu wako Asia. Chura wa Kihansi, aliyegunduliwa mwaka 1996, aliishi kwenye marasharasha ya maporomoko ya mto mmoja tu wa Udzungwa, eneo la hekta chache. Maji yalipoelekezwa kwenye mitambo ya umeme, marasharasha yakapungua, kisha ukaonekana ugonjwa wa kuvu unaoshambulia ngozi za vyura. Mwaka 2009 alitangazwa kuwa ametoweka porini. Waliozalishwa Marekani walianza kurudishwa Kihansi mwaka 2012, na ndiyo maana suala la viatu vichafu, vinavyoweza kubeba kuvu hiyo, kwenye makazi ya vyura hatulifanyii mzaha.

Kuleta kiumbe ni hatari kama kumwondoa. Msizi, ambao Waganda huuita musizi, ni mti wa Kagera na Uganda. Uliletwa Amani enzi za Wajerumani, ukapandwa kwa wingi baadaye, na ndege aina ya hondohondo wakala matunda yake na kusambaza mbegu. Leo umejaza nafasi zilizoachwa na miti ya asili iliyokatwa. Mwananchi hutuambia: “Lakini ni mti wa Tanzania hii hii.” Ndiyo, ni wa Tanzania. Mbegu haijui mipaka ya nchi, inajua udongo, mvua na majirani iliokua nao.

Sasa utaratibu, kwa kuwa malalamiko mengi yanatoka hapo. Amani ni hifadhi ya mazingira asilia tangu mwaka 1997 na inasimamiwa chini ya Sheria ya Misitu, Sura 323. Kuchimba mche, kukusanya mbegu, kuokota konokono au kupanda mti kutoka nje bila kibali ni kosa, hata kama huuzi. Mtafiti huanza na kibali cha Tume ya Sayansi na Teknolojia. Akihusisha wanyamapori hupitia pia Taasisi ya Utafiti wa Wanyamapori. Kisha huja kwetu kabla ya kuingia msituni. Sampuli za mimea zinazotoka nchini huhitaji cheti cha afya ya mimea, na kwa viumbe walioorodheshwa kwenye CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya viumbe walio hatarini, wakiwemo vinyonga hawa, kuna kibali kingine juu yake. Kibali kimoja hakifuti kingine.

Kuhusu wanyama, Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori Na. 5 ya mwaka 2009 inaposema “nyara” haimaanishi pembe na ngozi pekee. Mnyama hai ni nyara. Kinyonga kwenye boksi lako ni nyara ya Serikali. Thamani hukadiriwa na ofisa wanyamapori, naye huandaa hati inayopelekwa mahakamani; ikivuka kiwango kilichowekwa, kifungo huanzia miaka 20. Kila shauri huamuliwa na mahakama, si na sisi. Watoto wanaouza barabarani hatutaki kuwaona kizimbani, na tunawaomba wazazi wa Lushoto watusaidie. Mteja akikosekana, biashara hiyo haina mwaka.

Basi usinunue. Ukimkuta kinyonga njiani, msogeze pembeni upande alikokuwa anaelekea, umwache. Ukikuta mtu anawauza, toa taarifa kwa ofisa wanyamapori wa wilaya hiyo hiyo. Na kama tayari unaye kwenye boksi, usivuke naye bonde: mpigie ofisa huyo, mweleze kijiji na aina ya shamba au mti alikotolewa, ili arudishwe hapo hapo.