DLL haiokotwi mtandaoni

"Imeniambia DLL haipo, nikaitafuta mtandaoni nikaiweka." Nimeshaisikia kauli hii mara nyingi mno, na karibu kila anayeitoa huniletea kompyuta iliyo hoi kuliko ilivyokuwa mwanzo. DLL ni faili lenye msimbo ambao programu huuazima ili ifanye kazi.

Chukua laptop ya mteja wangu mmoja. Antivairasi yake iligoma kuwaka kwa sababu vcruntime140.dll haikuonekana. Akaingia kwenye tovuti inayogawa DLL mojamoja, akapakua ya kwanza aliyoikuta, akaibandika System32, folda ya mafaili ya Windows yenyewe. Ujumbe wa awali ukaondoka, ukaja mwingine wenye namba ya kosa: 0xc000007b. Akadhani ni kirusi. Kumbe ameweka DLL ya biti 32 mahali pa biti 64. Kwenye Windows ya biti 64, System32 ndimo zinamokaa DLL za biti 64, na za biti 32 zinakaa SysWOW64. Majina hayo yanapotosha kweli, lakini ndiyo yaliyopo.

DLL ina toleo lake na ina wenzake. Hiyo vcruntime140.dll husambazwa na Microsoft ndani ya kifurushi cha Visual C++ Redistributable, pamoja na msvcp140.dll na nyingine. Ikikosekana moja, sakinisha kifurushi kizima, cha x86 (biti 32) na cha x64 (biti 64). Ikiwa iliyokosekana ni ya antivairasi yenyewe, ondoa antivairasi, kisha isakinishe upya kutoka kwa mtengenezaji. Kubandika hakusaidii: tangu Windows 8.1, antivairasi ambayo huduma yake inaendeshwa kama mchakato uliolindwa na Windows haipakii DLL isiyo na saini ya kidijitali inayoaminika, yaani alama ya kuthibitisha nani aliyeitengeneza.

Kinachonikera zaidi ni kuona mtu anajifanyia kwa mkono wake kile ambacho wahalifu huhangaika kukifanya: kuingiza DLL ngeni kwenye kompyuta. Programu ikiita DLL kwa jina tu, kwa kawaida Windows huanza kuitafuta kwenye folda ya programu hiyo. Tarehe 2 Julai 2021 genge la wahalifu wa mtandaoni la REvil lilipenya kupitia Kaseya VSA, programu ya kusimamia kompyuta kwa mbali, likaangusha kwenye kompyuta za watu MsMpEng.exe, toleo la zamani lakini halisi la Microsoft Defender, antivairasi ya Microsoft, lenye saini halali. Pembeni yake likaweka mpsvc.dll ya kwao. Programu halali ikaita mpsvc.dll, ikaipata iliyo jirani, na mafaili ya watu yakafungwa kwa usimbaji yasisomeke. Kwa hiyo anayeniambia "nimeangalia exe (faili la programu), ina saini ya Microsoft" bado hajamaliza kazi. Fungua Properties ya DLL pia, uangalie Digital Signatures, halafu ujiulize: faili hili lina kazi gani kwenye folda hii?

"Kuna DLL ya antivairasi ndani ya Word, nimeingiliwa." Hapana. Antivairasi nyingi hupachika DLL zao ndani ya programu nyingine ili zione zinachofanya. Nayo amsi.dll utakayoikuta ndani ya PowerShell, programu ya Windows ya kuendeshea amri na skripti, ni ya Windows yenyewe tangu Windows 10. Kupitia hiyo, skripti hukaguliwa na antivairasi kabla haijaendeshwa. Tumia Process Explorer, zana ya Microsoft inayoonyesha programu zinazoendeshwa na DLL zake, washa safu ya Verified Signer, usome jina la aliyesaini. Usifute kitu kabla ya hapo.

"Nimeshaiondoa antivairasi, nimefuta folda yake." Umefuta yale yaliyokubali kufutika. Draiva na huduma zake bado zimeandikishwa kwenye rejista ya Windows (hifadhi ya mipangilio yake), na ukisakinisha nyingine zitagombana. Ondoa kupitia Settings. Ikishindikana, tumia kiondoaji cha mtengenezaji huyohuyo.

"Nimeendesha sfc /scannow, imesema kila kitu kiko sawa, basi antivairasi nayo ni nzima." Amri hiyo hukagua mafaili yanayolindwa ya Windows. DLL za antivairasi ya kampuni nyingine haizijui kabisa, na wala vcruntime140.dll ya yule mteja wangu isingeirudisha.